Bharuch ya Shauri Moyo

Siku niliyoondoka kwetu Mowlem, mtaa wa Nairobi, sikuwa nimepanga kuondoka. Nilikuwa nimefua na kuanika, nikakaa kizingitini nikitazama nguo zikikauka, kisha nikaona kwamba hata nisipokuwapo zitakauka tu. Nikavaa viatu, nikafunga mlango, nikaenda. Nilikuwa na miaka ishirini. Shule nilikuwa nimeiacha kidato cha pili, na kibarua changu cha mwisho, cha kufunga sabuni makaratasi kule Industrial Area, kilikuwa kimekwisha. Nilipita Umoja, nikaifuata Jogoo Road kwa miguu nikisoma kila kibao, kwa maana tangu utotoni nilisumbuliwa na majina. Niliwahi kumwuliza mwalimu kwa nini mtaa wetu wa Jericho hauna kuta, na kwa nini kutoka hapo hadi mtaa wa Jerusalem ni kuruka mtaro tu. Akaniambia nikae chini. Asubuhi hiyo nilimwuliza mama mmoja wa soko la Burma kama amewahi kufika Burma kwenyewe, huko walikopigania askari wa zamani. Akanitazama akiwa ameshika kisu cha sukuma wiki. "Si ndiyo hii umesimama?" akasema. "Nunua ama usonge, msichana, unanizibia wateja."

Nayakumbuka haya kwa sababu mwezi uliopita simu ilinikuta Isiolo, ninakopanga chumba kwa sasa. Aliyepiga ni kijana wa Wafula, na Wafula alikuwa kaka yake Nekesa, mwanamke niliyewahi kukaa kwake. Alisema, "Auntie, shangazi Nekesa ametuacha. Tulimzika Jumamosi." Namba yangu walikuwa wameipata kwa kuchelewa, na akaomba radhi kwa hilo. Nikamwuliza wamemzika wapi. Akasema, "Hapa nyumbani. Lakini ni nje ya ua." Hakuhitaji kueleza zaidi. Kwa watu wao wa magharibi, binti aliyeolewa hazikwi ndani ya boma la baba yake, kwa sababu ana kwake. Akikosa kwake hupewa nafasi ng'ambo ya michongoma, kando ya njia, mahali ng'ombe wanapopita wakienda kunywa maji. Niliweka simu chini nikakaa kitandani mpaka chai ikapoa. Nimeishi miji mingi, na katika yote sijaolewa hata mmoja, lakini nikiulizwa nililelewa wapi nitautaja mwaka ule mmoja niliokaa na Nekesa na mumewe Jivan katika chumba chao cha Shauri Moyo, mwaka ambao Bombay ilianza kuitwa Mumbai.

Jivan nilimkuta siku hiyo hiyo ya kutoka Mowlem, saa za mchana, katikati ya maseremala wa Gikomba. Alikuwa Mhindi mzee, mwembamba, ameketi kwenye kigoda chini ya kipande cha bati, na mbele yake kulikuwa na bati jingine laini la zinki alilokuwa akilikata kwa patasi. Alikuwa akikata herufi. Kazi yake ilikuwa stensili, yaani yale mabati yenye matundu ya herufi ambayo watu wa maghala huyalaza juu ya gunia au sanduku, wakapitisha brashi ya wino, likabaki jina la mji mzigo unakokwenda. Nilisimama nikasoma: KHARTOUM. Nikaona O yake haikuwa duara zima. Ilikuwa na vifupa viwili, juu na chini, vilivyoishika katikati.

"Fundi, mbona O yako ina mifupa?"

Hakuinua kichwa. "Kata bila mifupa uone."

Alinisukumia kipande cha bati na patasi. Nikachinja O yangu kwa bidii, nikazunguka pande zote, na nilipofika nilipoanzia tumbo lote likaanguka chini, nikabaki na shimo. Seremala wa jirani akacheka mpaka akaweka randa chini. "Msichana, umeandika jina la mtu asiyekuwepo," akaniambia. Jivan naye akacheka, akaniokotea lile tumbo. "Hii kifupa inaitwa daraja," akasema. "A, B, D, O, P, R. Hizo zote zinataka daraja. Herufi yoyote yenye kitu ndani, lazima ishikwe." Nilikaa pale mpaka jioni. Alipofunga kazi aliuliza kwangu ni wapi, nikasema leo sijui. Alifikiri kidogo, akasema mke wake hapendi watu wasiojua watalala wapi, kwa hiyo twende nikamweleze mwenyewe.

Chumba chao kilikuwa kimoja, na pazia la maua ya buluu likikigawa. Upande huu kulikuwa na kitanda chao na upande ule jiko la makaa, masufuria, na godoro nililopewa usiku ule kwa maneno kwamba ni la usiku ule tu. Nekesa alikuwa mwanamke mrefu, mwenye mikono mikubwa, aliyeuza nguo za mitumba za watoto ingawa yeye na Jivan hawakujaliwa mtoto. Mtaani walimwita Mama Mhindi. Aliitikia, lakini kwa namna ya mtu anayepokea chenji pungufu. Nyumba yao ilinukia mboga ya mrenda na bizari kwa pamoja. Kwa sababu Jivan hakula nyama, na kwa sababu Nekesa hakuona mlo bila ugali kuwa mlo, walikuwa wamekutana katikati: ugali na dengu zilizokaangwa kwa haradali, mrenda uliotiwa manjano, na chapati ambazo Nekesa alizisukuma nyembamba kuliko mwanamke yeyote wa Kihindi, kama alivyosema mwenyewe. Walikuwa wakila sahani moja. Sijaona tena wazee wanaokula sahani moja, Nekesa akimwachia Jivan upande wenye haradali nyingi, naye Jivan akijifanya hajaona.

Ndugu wa Jivan walikuwa wamehamia Uingereza zamani. Alipomwoa Nekesa waliacha kumtaja, na walipoondoka hawakumuaga. Yeye mwenyewe alizaliwa Nairobi, na India hakuwahi kuiona, lakini mama yake alikuwa amemfundisha majina ya miji mitakatifu saba akimwogesha, ndoo moja jina moja: Ayodhya, Mathura, Maya, Kashi, Kanchi, Avantika, Dwarka. Na mwishoni, kichwani, maji ya baridi kuliko yote, akimalizia na mji wao wenyewe ambao haumo kwenye saba, Bharuch, kando ya mto Narmada. Kisha alipokua akaingia kazi ya stensili, akakuta makarani wanataka aandike majina mengine. Kashi ikawa Benares. Mathura ikawa Muttra. Bharuch ikawa Broach, kama neno la kukohoa. "Kila mji una jina la mama yake na jina la karani," aliniambia. Ukawa mchezo wetu tukiwa kazini. Yeye akisema la karani, mimi najibu la mama. "Muttra." "Mathura." "Conjeeveram." "Kanchi." "Kariokor," akasema siku moja, nami nikakwama, kwa sababu hilo ndilo jina pekee ninalolijua la mtaa ule wa jirani, na hata hilo ni Kiingereza cha kikosi cha wapagazi wa vita kilichotafunwa na vinywa vyetu kikawa laini. "Umeona?" akasema. "Wewe pia umepotezewa moja."

Karani wa ghala alipokuja na habari za Bombay, kijana wa mkokoteni aliyekuwa akipumzika kivulini alisikiliza kwa makini. Karani alitaka stensili za BOMBAY ziachwe na zikatwe za MUMBAI haraka. "Niaje, kwani imefanya nini?" akauliza kijana wa mkokoteni. Karani akasema mji haukufanya kitu, umebadilisha jina tu. "Zii, hakuna mtu hubadilisha jina bure," kijana akasema. "Hapa Gikomba ukiona mtu ameanza kuitwa jina ingine, jua anatafutwa." Watu wakacheka, na Jivan akacheka pia, lakini baadaye, akipima herufi mpya kwenye bati, aliniambia kwamba wenyeji wa kule walikuwa wakisema Mumbai siku zote. "Hawajabadilisha. Wamelirudisha tu," akasema. "Ila sisi tulio mbali hakuna anayetuambia." Nilitazama mikono yake ikikata A na B, ikiacha daraja pale panapotaka daraja.

Nilitaka kumpa kitu. Nilikuwa nimeanza kwenda maktaba siku za Jumamosi, na humo nilipata kitabu kikubwa cha ramani za dunia ya kale, kizito hata nilikisoma nimesimama. Siku moja nikauona mji wake. Ulikuwa pale pale panapostahili, kwenye mlango wa mto, lakini umeandikwa Barygaza. Nikasoma maelezo. Wagiriki ndio waliouita hivyo, karibu miaka elfu mbili iliyopita, na jina walilokuwa wakijaribu kulitamka ni Bhrigukachchha, jina la kale kabisa la wenyewe. Nikasoma pia kwamba vyombo vya bahari vya huko vilikuwa vikileta nafaka, samli na nguo za pamba hadi pwani hii yetu. Nilirudi Shauri Moyo nikikimbia karibu nusu ya njia. Nilidhani nimempelekea zawadi.

"Fundi, nimepata jina lingine la kwenu."

Alikuwa amelala mchana, jambo ambalo hakuwa akilifanya zamani. Kikohozi kilikuwa kimeanza. Nikamweleza yote. Akalitamka polepole, "Barigaza," kama anayeonja chumvi ya mboga. "Hao walikuja kununua nini?"

"Pamba. Pembe za ndovu. Mawe ya thamani."

"Na jina wakachukua." Akageukia ukutani. Akasema, bila hasira, "Wageni wote wamefika huko, beti. Mgiriki amefika. Mwingereza amefika. Wewe umefika na kitabu. Mimi peke yangu ndiyo sijafika." Beti ni binti kwa lugha yao. Nekesa alikuwa mlangoni akimenya vitunguu. Kisu chake kikasimama.

Kifua chake kilizidi kuharibika mvua zilipoanza. Wafula, kaka yake Nekesa, alikuwa karani wa reli, akikaa Makongeni, na sasa alikuwa akija kila Jumapili baada ya kanisa, amevaa suti ya kahawia na kubeba mkate chini ya kwapa. Alikuwa mtu wa maneno mengi na moyo mzuri, na alipokuwa na huzuni maneno yalizidi. Alipenda kumsimulia Jivan hadithi ile ile ya siku Jivan mwenyewe alipokwenda ukweni mara ya kwanza. "Shemeji, unakumbuka firigisi? Mzee wetu amechinja jogoo mkubwa, amekuwekea firigisi mwenyewe kwa mkono wake. Heshima kubwa hiyo. Watu wote wanatazama mkwe akila. Na mkwe ni huyu, hali hata yai." Jivan alikuwa akitabasamu tayari. "Nikaitia mfuko wa koti," akasema. "Akaitia mfuko wa koti!" Wafula akadakia. "Nasi hatujui, tunampenda, tunasema mkwe amekula upesi. Sasa akisimama kwenda nje, mbwa wanamfuata. Akirudi, mbwa wanamfuata. Mzee wetu akasema, huyu mtu ana baraka, hata mbwa wanamheshimu." Walicheka mpaka Jivan akashikwa na kikohozi, na Nekesa akamfukuza kaka yake kwa mwiko. Lakini nilimwona Wafula uani amesimama kando ya bomba la maji, akijipangusa uso kwa tai.

Asubuhi moja, giza bado halijaisha, niliamka kwa sauti zao upande wa pili wa pazia. Nekesa alikuwa akiwasha jiko. Walikuwa wakizungumza kwa sauti ya kawaida ya watu walioamka pamoja kwa miaka mingi, na labda walinisahau.

"Nekesa, mimi nataka kuchomwa."

"Najua."

"Na majivu yaende Bharuch. Yatiwe mtoni."

"Nani atayapeleka?"

Jivan alikohoa. Nilisikia Nekesa akipuliza moto.

"Na mimi?" akauliza Nekesa. "Mwanamke huzikwa kwa mumewe, Jivan. Siku zote nimekuwa nikisema nitalala pale utakapolala. Sasa ukiwa maji, mimi nitalala wapi?"

"Utarudi kwenu."

"Kwetu nilitoka. Ng'ombe wa mahari hukutoa, sawa, baba alikusamehe, lakini nilitoka. Hawawezi kunirudisha ndani." Alitua sufuria juu ya jiko. "Nionyeshe kwako. Hata kama ni hatua mbili za ardhi. Nionyeshe niende nikapalilie."

"Bharuch," akasema Jivan, kwa sauti ya mtoto anayeogeshwa.

"Hilo ni jina. Mimi nauliza shamba."

Nililala nimefumba macho. Kichwani nilikuwa na Bharuch, Broach, Barygaza, Bhrigukachchha, nimezikusanya zote kwa furaha ya mtu anayeokota shanga barabarani, na wala hakuna hata moja iliyokuwa na upana wa kumlaza mwanamke mmoja. Nimefikiri sana juu ya asubuhi ile katika vyumba vya kupanga. Watu wa mitaa yetu ya Nairobi hawakuulizi jina lako kwanza, wanakuuliza kwenu ni wapi, na wanachotaka kujua ni wapi watakupeleka ukifa. Mpaka asubuhi ile nilidhani wanauliza kwa sababu wana umbea.

Jivan alifariki kabla mahindi ya kiangazi hayajaanza kuchomwa barabarani. Nekesa aliniamsha kunipa habari kwa kunigusa mguu tu. Majirani walikuja, viti vikaazimwa, chai ikapikwa kwenye sufuria la kanisa. Wale waliomwita Mama Mhindi kwa dhihaka ndio waliomshikia kichwa. Kisha Wafula akaleta swali ambalo wazee wote uani walikuwa wakilizunguka.

"Dada, mtu hachomwi," akasema. Alikuwa amevua koti. "Takataka ndiyo huchomwa. Nimeongea na wazee nyumbani. Pamoja na kwamba ni mkwe, watampa mahali. Watu watasema, lakini watampa. Na hapo utakuwa na kaburi la mumeo, na siku yako ikifika unalazwa pale. Jambo litakuwa limekwisha."

Kila mtu alijua ni jambo kubwa. Wafula lazima alikuwa amepiga magoti mbele ya watu ili alipate. Nilimtazama Nekesa, nikaona alivyolitaka. Alilitaka kama mtu aliyesimama na njaa mbele ya chakula. Mama mmoja akaanza wimbo na kuuacha.

"Wafula," akasema, "aliacha watu wake kwa ajili yangu, na hajawahi kunikumbusha hata siku moja. Kitu alichobakia nacho cha kwao ni moto huo tu. Sitamnyang'anya."

"Na wewe? Ukifa nikupeleke wapi?"

"Hilo nilimwuliza mwenyewe akakosa jibu. Usiniulize wewe."

Mahali pa Wahindi pa kuchomea maiti pako pale pale Kariokor, mwendo mfupi kutoka kwetu. Wafula alikuja mpaka langoni, akashindwa kuingia. Akasimama nje ameikumbatia kofia yake. Ndani, mzee wa ibada aliuliza mtoto wa kiume yuko wapi, kwani ndiye anayewasha. Nekesa akasema hakuna mtoto, kuna yeye. Mzee yule alimtazama, akatazama gauni lake jeusi la Kiluhya la msibani, akatutazama sisi watu wa Shauri Moyo tuliojazana nyuma yake na nyimbo zetu za kanisa tusizojua kama zinaruhusiwa. Kisha akampa mwenge na kumwonyesha upande wa kuanzia. Alifanya kama alivyoonyeshwa. Hakulia hadi tulipotoka nje, na hapo alilia mikononi mwa kaka yake, wote wawili wakiyumba kando ya barabara, watu wakiwapisha.

Majivu yalikaa juu ya kabati kwa muda. Nekesa hakuwa na njia ya kuyafikisha India, na ndugu wa Uingereza hatukujua hata mji waliomo. Ni mimi niliyerudi kwenye kile kitabu kikubwa, safari hii nikatafuta mito. Nikaona kwamba mto unaopita nyuma ya Gikomba, ule unaobeba maji ya sabuni na maganda ya mbao, unaingia mto Athi, na Athi mbele unaitwa Galana, na Galana mwishoni unaitwa Sabaki, mto ule ule mmoja unaopewa jina na kila watu unaowapitia, mpaka unaingia bahari kaskazini mwa Malindi. Na bahari hiyo ndiyo inayofika mlango wa Narmada. Nikamwonyesha Nekesa kwa kidole kwenye karatasi niliyoinakili.

"Una hakika ni bahari ile ile?" akaniuliza.

"Ndiyo hiyo."

"Basi twende mwisho wake. Hapa ni pachafu."

Tulichukua treni hadi Mombasa, kisha basi. Alikuwa ameyafunga majivu kwenye leso na kuyapakata safari nzima, na mtu yeyote aliyetaka kumsaidia mzigo alimkatalia kwa upole. Tulishuka karibu na daraja la Sabaki jua likiwa bado juu. Upepo ulikuwa na chumvi na joto, na maji ya mto yalikuwa mekundu ya udongo wa bara. Tuliulizia mahali pa kulala, tukaelekezwa kwenye nyumba ya makuti yenye baraza, ambapo mama mmoja wa makamo alikuwa ameketi akisuka mkeka. Tukapiga hodi. Akatukaribisha bila kuacha kusuka.

"Mwatoka wapi?"

"Nairobi," nikasema.

"Nairobi mwafanya kazi. Nauliza kwenu."

Nilitaja Mowlem, akatingisha kichwa kana kwamba nimetaja kituo cha basi. Akamgeukia Nekesa. Nilijua atakachosema, kwani nilikuwa nimemsikia akiulizwa mara nyingi sokoni na kanisani, na kila mara alikuwa akitaja kijiji cha baba yake.

"Nimeolewa Bharuch," akasema Nekesa.

Mikono ya yule mama ikatua. "Bharuch? Ndiko wapi huko?"

"Ng'ambo."

"Na mumeo yuko huko?"

"Anakwenda kesho," akasema Nekesa. "Sisi twataka kulala usiku mmoja tu."

Yule mama aliutazama mzigo uliokuwa magotini pa Nekesa. Kisha akainuka, akakung'uta ukindu kwenye kanga yake, akatutangulia ndani. Akafungua mlango wa chumba cha mwisho, chenye kitanda kipana cha kamba na dirisha linalotazama mtoni. Akasema maji ya kisima chake yana chumvi kidogo, tusiyanywe, atatuletea mengine.